Sekunde za Kusubiri

Ngeee! Rimu ya lori iliyoning'inizwa kwenye mti wa grevilea ililia katikati ya sentensi, na Ndila, aliyekuwa ameinamia maikrofoni, akaangua kicheko mpaka akashika meza.

"Umeniharibia kobe wangu," alimwambia mumewe, Nyamai.

"Mimi? Si ni aliyegonga kengele!"

"Wewe si mwalimu hapa? Hata kengele ya shule haikuheshimu."

Nyamai hakucheka. Alisogeza kipanya, akaikata kengele, akakikata na kicheko. "Anza tena," alisema. "Kutoka kwa mchanga."

Hivyo ndivyo alivyofanya kazi, na hakuna aliyemjua ambaye angeshangaa. Alizaliwa kwenye milima ya Mbooni, akafundisha hesabu katika shule ya msingi chini kidogo ya soko la Kikima, na ubao wake ulikuwa nadhifu hivi kwamba walimu wengine walisita kuufuta. Mtaala ulipoanza kudai watoto wajifunze kuandika programu, mwalimu mkuu alimpa chumba kilichokuwa stoo ya mahindi na maharagwe, pamoja na kompyuta nne kuukuu. Mtandao haukufika humo. Nyamai alileta programu kwenye flashi, ile ya kutengeneza michezo na katuni, isiyohitaji mtandao ikishawekwa. Ndani yake amri ni bloki za rangi ambazo mtoto huziunganisha moja chini ya nyingine kama anayejenga ukuta. Bloki ya bluu humtembeza mnyama, ya zambarau humpa maneno, ya waridi humpa sauti. Ukibonyeza bendera ya kijani, mnyama anaamka.

Kwa madarasa ya chini alitaka hadithi ya Kikamba: kobe anayetafuta maji katika mto uliokauka. Wanafunzi waliona haya mbele ya maikrofoni, sauti zao zikawa za kunong'ona. Akamwomba mkewe. Ndila alikuwa fundi wa nguo pale sokoni, na mchana wateja walipopungua alifunga cherehani, akaja na sindano bado zimechomekwa kifuani mwa blauzi.

Sauti ikisharekodiwa, programu huionyesha kama safu ya vilima. Nyamai aliipitia safu hiyo polepole. Kila kilima ambacho hakikuwa cha kobe, awe Ndila amekohoa, amevuta pumzi, amecheka, au amemtupia yeye neno, alikichagua na kukifuta. Mahali pake aliweka bloki ya kusubiri, sekunde moja au mbili, kwa kuwa kobe hana haraka. Watoto waliipenda hadithi ile. Waliisubiri kila Ijumaa.

Kisha koo la Ndila likaanza kukataa chakula. Kwanza ugali, halafu hata uji. Hospitalini walisema wamechelewa. Sauti ilikwisha kabla ya mwili. Mama yake, Kathini, alipofika kutoka Kyuso, alimkuta bintiye anachezesha midomo tu. Akamshika mkono, wakatazamana mpaka muda wa kuona wagonjwa ukaisha. Nyamai alisimama nje ya wodi muda wote huo.

Hakusimama nje kwa kukosa upendo. Kwa Wakamba kuna nthoni, ile heshima iliyo kati ya mwanamume na mama wa mkewe: hawaketi pamoja, hawali pamoja, na wakikutana njiani mmoja huingia kwenye nyasi mpaka mwenzake apite. Wengi kanisani wameiacha siku hizi. Kathini hakuiacha, na Nyamai hakuwa mtu wa kumwachisha. Tangu amwoe Ndila hakuwahi kumwambia mama huyo neno moja uso kwa uso. Salamu zilipitia kwa mtu mwingine, na mara nyingi mtu huyo alikuwa Ndila mwenyewe.

Walimzika. Mvua ya vuli ilikuja, ikaenda. Ndipo Ndunge, mdogo wa Ndila, akapiga simu.

"Shemeji, mama ana neno, lakini anaona haya."

"Sema."

"Anasema sura ya Ndila anaiona. Akimwona, mdomo haufunguki. Amesahau sauti, shemeji. Analia kwa hilo kuliko alivyolia kaburini." Akashusha sauti. "Ile kobe ya watoto, bado iko?"

Iko. Ndila alitumia simu ya kabambe, ile ndogo ya vibonyezo, isiyohifadhi sauti ya mtu. Duniani kote sauti yake ilikuwa imebaki ndani ya kobe tu.

Jioni kabla ya Kathini na Ndunge kufika, Nyamai alifungua stoo ile na kubonyeza bendera. Hakuwa ameisikiza tangu msiba. Kobe alianza kutembea, akasema maneno yake, akanyamaza, akasema tena. Yalikuwa safi. Nyamai alisikiza mpaka mwisho, kisha akafungua safu ya vilima kutafuta alivyovifuta, ingawa alijua. Programu hukumbuka kilichofutwa mpaka mradi ufungwe. Baada ya hapo haikumbuki. Yeye aliufunga kila siku, akihakikisha umefungwa vizuri. Alitaka kumpigia Ndunge awaambie wasije. Lakini walikuwa wamelala Kitui, na asubuhi wangekuwa njiani.

Walifika Jumamosi. Kathini aliketishwa mbele ya kompyuta, leso imefungwa kichwani, mikono magotini kama aliye kanisani. Nyamai alikuwa ameshatoka kwa mlango wa pili, akaketi barazani chini ya dirisha, mgongo ukutani.

"Wewe shemeji," Ndunge alimwita kupitia dirishani, "simba angetoka Tsavo akaja hapa, ungekaa. Mama yangu mfupi hivi akija, unatoka mbio!"

"Mwambie mama nimemsalimu. Bonyeza bendera ya kijani."

Ndunge akabonyeza.

"Umeamkaje, mchanga?" sauti ya kobe iliuliza. "Maji yamelala wapi?"

Kimya cha sekunde mbili. Kobe akaendelea na safari yake, jiwe kwa jiwe, mpaka mwisho.

"Mama?" Ndunge aliuliza.

"Rudia."

Ndunge akarudia. Safari hii mama yake hakungoja mwisho.

"Huyu ni nani? Anaongea kama mwanamke mzee."

"Ni Ndila, mama. Anaigiza kobe."

"Mtoto wangu hakuwahi kumaliza maneno matatu bila kucheka. Kicheko kiko wapi? Huyu ni mtu wa redio." Kiti kilikwaruza sakafu. "Nilijidanganya. Twende nyumbani."

"Mama!"

Neno hilo lilitoka nje ya dirisha, kinywani mwa Nyamai, na Ndunge akaziba mdomo wake kwa kiganja. Ndani, kiti hakikusogea tena.

"Mama, kaa," Nyamai alisema. Alikuwa bado ametazama uwanja wa shule, hakugeuka. "Ndunge, rudisha mwanzo."

"Umeamkaje, mchanga? Maji yamelala wapi?"

Kobe akanyamaza.

"Hapo kengele ilimshtua," Nyamai alisema. "Akacheka mpaka akashika meza. Akasema hata kengele hainiheshimu."

Kathini akaketi, taratibu.

"Wewe jiwe, umewahi kuona tone?"

"Hapo alichomwa na sindano yake mwenyewe. Alisema aiya, kisha akanilaumu mimi."

Mama akatoa pumzi iliyokaribia kuwa kicheko.

"Miguu yangu imechoka, lakini kiu haijachoka."

"Hapo alikohoa." Sekunde moja haikumtosha, kobe alikuwa tayari anasema mengine, na Nyamai akazungumza juu ya sauti yake. "Alisema ni vumbi la mahindi, kwa kuwa hii ilikuwa stoo. Nikafungua dirisha. Sote tulidhani ni vumbi."

Ndani, Ndunge alikuwa ameketi sakafuni, kichwa chake kwenye goti la mama yake. Kobe alifika kwenye kisima, akasema ataketi kidogo kabla ya kunywa. Baada ya hapo kulikuwa na bloki ya mwisho ya kusubiri, ndefu kuliko zote.

Nyamai alifungua mdomo, akaufunga. Neno lililokuwa hapo halikuwa la mkwe kumwambia mama wa mkewe.

"Na hapo?" Kathini aliuliza. Alikuwa amekuja dirishani. Ukuta tu ndio uliokuwa kati yao. "Baba, hapo alisema nini?"

Nyamai aliinamisha uso mpaka kidevu kikagusa kifua.

"Alisema nisikwambie, mama," alinong'ona. "Hiyo sauti ya kobe, alikuwa anakuiga wewe."