Mstari Mdogo kati ya Kambale na Kakule

Weka kikombe chini kwanza, unisikilize. Mimi ni mwandishi wa riwaya, ndiyo, kazi yangu ni kubuni. Hili sikulibuni. Daftari liko hapa mezani, na ukurasa wenyewe mpaka leo haujakauka.

Nilikuwa nafuatilia ukoo wetu. Baba yake Babu alitoka Lubero kwa miguu, na mke na watoto, kutafuta kazi kwenye migodi ya dhahabu ya Ituri. Nilitaka kumjua kila mtu aliyetokana na safari ile. Nilizunguka Bunia nikibisha hodi, na kila jina jipya lilinirusha moyo kama mchimbaji aliyeona kitu kinang'aa kwenye karai lake.

Sasa, sisi Wanande majina yetu yanahesabu. Mvulana wa kwanza huitwa Paluku, wa pili Kambale, wa tatu Kasereka, wa nne Kakule. Babu yangu ni Kakule. Lakini kaka zake niliokuwa nao kwenye orodha walikuwa wawili tu, Paluku na Kambale. Wa tatu yuko wapi?

"Alikufa mutoto muchanga, mbele mi nizaliwe," Babu alinijibu. "Funga kaye," akalisukuma daftari langu.

Nikachora mstari mdogo mahali pa Kasereka, nikaendelea. Kosa langu ndilo hilo.

Alhamisi moja, saa tisa mchana, mvua ilinikuta mtaa wa Lumumba. Nikakimbilia kwenye baraza la fundi cherehani, nikakaa kwenye benchi na kufungua daftari. Mara nikaona mzee amekaa karibu nami. Koti la kahawia, kifungo cha katikati hakipo. Mvua ile ya kuvunja mabati, naye mkavu kabisa!

"Weye mwenyi kuandika watu," alisema, "kale kamustari ni nani?"

"Ni Kasereka, muzee. Alikufa muchanga."

Alicheka mpaka mabega yakatikisika. "Muchanga anaweza kubeba mwenzake ku mugongo? Uliza Kakule ile kovu ya nyuma ya sikio. Nani alimuangusha ku mafiga?"

Akalisogelea daftari langu.

"Samedi, kesho kutwa, wanakuja kuposa mujukuu yangu, kwa Masika, Mudzipela, nyuma ya soko, mulango ya kibuluu. Benchi ya wababa iko bule, bila mutu. Watauliza ukoo yake, na hakuna mwenye atajibu. Watamucheka, mutoto wa watu!" Akaweka kidole juu ya mstari wangu, akakibonyeza. "Andika muzuri."

Niliinama kutafuta kalamu. Nilipoinuka, benchi lilikuwa tupu. Kwenye karatasi, alama ya kidole, ya udongo mwekundu uliolowa.

"Dada," fundi aliniita kutoka ndani, "tangu saa ile unaongea na nani?"

Niamini, sikungoja mvua iishe. Nilipanda pikipiki mpaka Mudzipela. Mlango wa kibuluu upo. Masika, mama wa makamo, alinifungulia na unga mikononi, na nyuma yake, ukutani, niliona picha: koti la kahawia, kifungo cha katikati hakipo.

"Ni papa, mwenye alinizaa," alisema. "Mwaka wa tatu huu tulimuzika. Wafugaji wa hapa walimulea. Baba yake alimuacha kwao na homa, njiani kwenda ku migodi, akasema atarudi kumuchukua. Papa alingoja mpaka uzee."

Nikarudi Bigo, kwa Babu, nina furaha na woga, sijui kipi kilizidi. Nikamwuliza habari ya kovu. Mkono wake ulipanda wenyewe mpaka nyuma ya sikio.

"Nani amekuambia?"

Nikamweleza. Alilia bila sauti. Baba yao, alisema, aliona haya kurudi, kisha akawakataza kulitaja lile jina. Mama yao peke yake ndiye aliyemnong'oneza, mara moja tu, ni nani aliyekuwa akimbeba. Halafu akajifuta uso.

"Leta koti yangu."

"Babu, posa ni samedi. Leo ni jeudi."

"Leta tu!"

Jumamosi hiyo msemaji wa waposaji alisimama, akatazama huku na huku kwa kejeli. "Wababa ya huyu mutoto wako wapi? Ao alianguka na mvua?" Watu wakacheka. Masika akainamisha kichwa.

Babu akainuka na fimbo yake. "Siye hapa! Mi ni Kakule, ndugu ya Kasereka. Cheka tena nikuone."

Kicheko kikakatika. Kijana mmoja wa kwetu alitaka kukaa karibu na Babu, kwenye nafasi iliyobaki. "Apana," Babu alimzuia. "Hapo iko mutu." Na ubao wa benchi, naapa, ulipinda kidogo mahali pale pasipokuwa na mtu.

Jina nimeliandika, na watoto na wajukuu chini yake. Lakini ile alama ya kidole haikauki. Nimeianika juani, nimeipitishia pasi ya makaa. Kila mvua ikianza, inalowa upya.

Basi wewe unayehesabu watu wako, ukikuta pengo, usichore mstari ukapita. Uliza, hata wakikuambia ufunge daftari. Uliyemruka anajua ulipokaa.