Dubwana la Shemeji

Kazi ya mwanamke huyu ilikuwa kufa. Asubuhi anafika, anatundika mkoba kwenye msumari, anapangusa kiti, anajimiminia chai, kisha anakaa kitako kufa mpaka saa ya kurudi nyumbani. Msishtuke, wenzangu. Alikuwa akifa ndani ya kompyuta tu.

Ofisi yenyewe ilikuwa ghorofani, juu ya duka la magodoro, na humo vijana kadhaa walikuwa wakitengeneza mchezo wa kutisha, ule wa kucheza kwenye kioo cha kompyuta huku umeshika pedi ya vitufe kwa mikono miwili. Wao walichora, wakatia sauti, wakapanga mwanga na giza. Yeye alikuwa mjaribu. Anaucheza mchezo kabla ya watu wengine, anajigonga kila ukuta, anafungua kila mlango, anatafuta panapovuja. Ndiyo maana wakamwita Mvunjaji, na jina hilo alilipenda kuliko lile alilopewa na wazazi wake.

Jicho la kuona kasoro alitoka nalo kiwanda cha nguo. Huko alikuwa mkaguzi: kitambaa kinapita juu ya meza yenye taa kwa chini, naye anasaka uzi uliokatika. Kiwanda kilipofungwa alikaa nyumbani akikagua mapazia ya majirani kwa macho, mpaka mwenye kampuni ya mchezo alipompigia simu. Mtu huyo alikuwa mume wa marehemu mdogo wake.

“Shemeji, njoo ukae na sisi,” alimwambia. “Kazi ipo.”

Akaenda. Na tangu siku hiyo hakupanda mgeni ngazi zile bila shemeji kumnong’oneza, kwa mnong’ono unaosikika mpaka kwenye magodoro, kwamba yule mama pale kwenye kona ni dada wa marehemu mke wangu, nimemchukua. Nimemchukua! Kama mwavuli uliosahauliwa kwenye benchi. Mvunjaji alikuwa akisikia, anainamisha uso kwenye kioo, anaendelea kufa.

Aliyekuwa akimuua ni dubwana.

Hadithi ya mchezo ilikuwa hivi. Mwanamume mmoja anarudi kwenye hospitali isiyo na watu kumtafuta mke wake aliyefia humo. Kila anapopinda kwenye korido, nyuma yake anasikia gurudumu likilia: kwii, kwii. Ni dubwana linakuja. Refu kuliko milango, halina uso, kichwani lina shuka jeupe lililofungwa fundo, na nyuma yake linaburuta kitanda cha wagonjwa kwa mnyororo. Vijana waliliita Mbeba Kitanda. Mvunjaji aliliita Bwege.

“Yule si dubwana,” shemeji alipenda kueleza, akifumba macho. “Ni hatia. Kitanda ni mke aliyeachwa. Gurudumu ni muda uliopotea. Na lile fundo ni maneno ambayo hayakusemwa.”

“Na kifua je?” Mvunjaji aliwahi kuuliza.

“Kifua?”

“Ana kifua kama mlango wa ghala, shemeji. Na mikono ile. Hatia ndiyo inanyanyua vyuma?”

Vijana waliangua kicheko, na fundi wa sauti nusura amwage chai kwenye mitambo yake. Shemeji alitabasamu kama mtu anayemsamehe mtoto. “Inabidi iwe na nguvu, shemeji. Hatia ina nguvu.”

Moyoni Mvunjaji alimaliza sentensi mwenyewe. Hatia ya huyu bwana, kama kweli ingepewa umbo, isingekuwa na kifua wala mnyororo. Ingekuwa na kitambi kidogo, viatu vilivyong’arishwa na simu isiyopokelewa. Ingekuwa imekaa kwenye semina, katika mji mwingine, ikipiga makofi. Maana huko ndiko alikokuwa yeye siku mke wake alipolazwa, na huko ndiko alikoendelea kuwa, semina moja ikizaa nyingine, hali kitanda cha kweli kilisukumwa na Mvunjaji, kutoka wodini kwenda kupigwa picha za mapafu na kurudi. Shemeji alikuja mazishini. Alilia vizuri sana. Watu walimshika huku na huku asianguke, na alipoona wamemshika barabara, ndipo akaanguka.

Kwa hiyo alimdharau yule mwenye dubwana, akalidharau na dubwana lenyewe, na dharau hiyo ilimsaidia kazini. Wajaribu wengine waliwahi kuacha kwa kuota ndoto mbaya. Yeye alikuwa akifukuzwa kwenye korido huku anang’ata biskuti. “Njoo, Bwege, njoo baba,” angesema, “umekwama tena kwenye ukuta? Ona, mguu umeingia kwenye sinki.” Ukiliangalia kwa karibu, lilikuwa dubwana la kumpendezesha mwenyewe. Mtu amemtupa mkewe, halafu anajitengenezea jitu zima la kumfuata yeye, kumwadhibu yeye, kumwangalia yeye tu usiku na mchana. Mke mwenyewe kwenye mchezo hakuwa na sura. Hata nywele hakuchorewa. Alikuwa mwanga fulani hivi chini ya mlango.

Angeweza kuyavumilia hayo yote. Mtu akiamua kujipaka matope kwa madaha, mwache ajipake. Jambo lililomtoa kwenye kiti lilikuja siku waliyomletea mwisho wa mchezo aujaribu.

Alivaa vipokea sauti masikioni, akapita korido ya mwisho, akaingia wodi ya mwisho. Hapo Bwege linaacha kufukuza. Linatua kitanda, linapiga magoti, linainamisha lile fundo la shuka. Kwenye kioo yanatokea maneno: bonyeza. Akabonyeza. Na masikioni mwake, karibu kabisa, mdogo wake akasema:

“Nimekusamehe.”

Alivua vipokea sauti kama mtu aliyeungua. Haikuwa sauti ya kuigiza. Ilikuwa yenyewe, na ule mkwaruzo wa kifua, na ile pumzi fupi mwishoni.

Maneno yale aliyajua yalikotoka, kwa kuwa alitumiwa yeye. Kuna siku, katika ule ugonjwa, mdogo wake alikuwa amelalamika tangu asubuhi, mto uko juu, mto uko chini, dirisha, maji, na Mvunjaji, ambaye alikuwa ametoka kiwandani hajakaa, akamwambia mbele ya wodi nzima: “Umenichosha! Kwani mimi ndiye niliyekuoa?” Akaondoka bila kuaga. Kesho yake ukaja ujumbe wa sauti kwenye simu: “Dada, nimekusamehe. Ila leo njoo na kile kitana chenye meno mapana, hiki cha huku kinaning’oa nywele. Na usije na ule uso wa jana, umetisha wagonjwa.” Alikwenda na kitana. Mdogo wake hakumaliza mwezi ule.

Baada ya mazishi shemeji alimwomba jumbe zote za marehemu. “Nina hamu ya sauti yake,” alisema. Na Mvunjaji, mkaguzi mzima, mtu wa kuona uzi mmoja katika jora la kitambaa, akatuma zote kwa mkupuo bila kukagua. Alimwona mgane, akamwonea huruma. Sasa “Dada” amekatwa mbele, kitana kimekatwa nyuma, na kilichobaki katikati amepewa mtu mwingine.

Hakugonga mlango wa shemeji. Aliusukuma.

“Ile sauti ya mwisho,” alisema.

Shemeji alinyanyuka, uso umemng’aa. “Umeifikia! Niambie, ulilia?”

“Itoe.”

“Ulilia, nakuona.”

“Shemeji, yale maneno aliniambia mimi. Nilimkosea, akanisamehe. Wewe hayakuhusu hata herufi.”

Shemeji akakaa taratibu, akakusanya vidole vyake mezani. “Sikiliza, dada yangu. Katika sanaa, sauti ikishaingia inakuwa ya wote. Mchezaji hajui alikuwa anaambiwa nani.”

“Mimi najua.”

“Kila mtu huomboleza kwa namna yake.”

“Wewe uliomboleza ukiwa hotelini, na alikuwa bado hai.”

Chini walisikika watu wa magodoro wakibishana kuhusu ngazi. Kisha shemeji akasema kwa upole, ule upole wa mtu aliyeshika mpini akakuachia wewe makali: “Mwisho wote umesimama juu ya neno lile. Dubwana linapiga magoti, linasamehewa, taa zinawaka. Ukilitoa, kinabaki nini?”

“Linabaki Bwege limepiga magoti.”

“Basi ndiyo hivyo, haliondoki. Alhamisi wanakuja wasambazaji, wakiupenda mchezo unatoka duniani kote. Na wewe ndiye utakayeucheza mbele yao, hakuna anayeujua kama wewe. Nakuomba, shemeji. Kwa ajili yake.”

Mvunjaji alitaka kumtukana. Alijiona akikataa, akajiona anashuka ngazi na mkoba wake. Halafu? Pedi atapewa fundi wa sauti, naye atabonyeza, na wageni watasikia, na kuanzia hapo mdogo wake atakuwa anamsamehe huyu bwana katika kila sebule yenye kioo, asubuhi na jioni, mpaka dunia ichoke.

“Nitacheza,” alisema.

Alhamisi mapazia yalifungwa mchana kweupe ili pawe na giza la kutosha kutisha. Wageni walikuwa wawili: mama mmoja mwenye miwani ya kuning’inia shingoni, ndiye mkubwa, na bwana mmoja wa viatu vipya ambaye alikuwa akicheka mama akicheka. Shemeji alivaa nyeusi juu mpaka chini. Akawaeleza safari yake ya majonzi, akatulia pale pa kutulia, akapangusa jicho ambalo, kwa mahali alipokaa Mvunjaji, lilikuwa kavu kama chaki.

Kisha Mvunjaji akacheza, na alicheza kwa ufundi. Korido baada ya korido, kwii kwii nyuma yake, bwana wa viatu vipya aliruka mara mbili na kuomba radhi. Wodi ya mwisho ikafunguka. Bwege likatua kitanda, likapiga magoti, likainamisha fundo. Kwenye kioo: bonyeza.

Mvunjaji akaiweka pedi mezani, akakunja mikono.

Watu wakasubiri. Kwenye kioo dubwana liliinua mabega, likashusha mabega, likainua, likashusha, kama mtu anayengoja kuitwa kwa daktari wa meno. Halikujua jambo jingine la kufanya. Hakuna aliyewahi kulipangia.

“Shemeji,” alinong’ona shemeji. “Bonyeza.”

“Sibonyezi.”

“Shemeji, tafadhali, mbele za watu…”

“Bonyeza mwenyewe, kama unaona ni lako.”

Shemeji akanyoosha mkono kuelekea pedi. Mvunjaji akamtazama usoni tu, hakumzuia. Mkono ukafika nusu ya meza, ukasita, na hapo hapo mama wa miwani akasema: “Hebu muache. Usiguse.”

Alikuwa amesogea mbele, miwani ameivaa. “Kwa hiyo mwisho ndio huu? Anapiga magoti, na hajibiwi? Hasamehewi?”

Bwana wa viatu vipya akasema, “Mh!”

Wote wakamgeukia shemeji. Mkono wake ulikuwa bado umening’inia juu ya meza. Akaurudisha kifuani, akauweka pale kwenye moyo, kana kwamba tangu awali ndiko ulikokuwa unakwenda.

“Ndiyo,” alisema. “Ndiyo maana yenyewe. Hakuna msamaha. Nilishindana sana na uamuzi huo. Wenzangu walitaka sauti, walitaka taa. Niliwaambia hapana.”

Fundi wa sauti alikohoa mpaka ikabidi atoke nje. Mama wa miwani akasema hajaona ujasiri kama huo, na bwana wa viatu akaona vivyo hivyo. Wakapeana mikono. Mapazia yakafunguliwa, na katika mwanga wa mchana Bwege lilionekana kwenye kioo limefifia, bado linapandisha mabega na kuyashusha.

Wageni walipoondoka shemeji alimfuata Mvunjaji kwenye kona yake, anatoka jasho la furaha. “Shemeji, umeniokoa! Ule ukimya! Tungewezaje kufikiria?”

“Ifute ile sauti.”

“Haitumiki tena, ile…”

“Ifute nikiona.”

Akaifuta. Mvunjaji alisimama nyuma ya kiti chake, akamwambia afungue na pipa la taka la kompyuta alimwage, kisha simu, kisha ile nakala aliyokuwa amejiwekea pembeni akidhani haijulikani. Jumbe nyingine alimwachia. Zilikuwa za kuagiza soksi na kuuliza kama mvua inanyesha.

Alipomaliza, shemeji hakuinuka. Aligeuza kiti, na kwa mara ya kwanza tangu msiba Mvunjaji alimwona usoni bila pambo lolote, mtu wa kawaida mwenye mifuko chini ya macho.

“Na mimi, shemeji?” aliuliza. “Niambie kweli. Alinisamehe?”

Angeweza kumpa uongo mdogo. Ulikuwa karibu, mdomoni kabisa, na usingemgharimu kitu.

“Hakukutaja,” alisema.

“Hata mara moja?”

“Hata kukulaumu. Hakukutaja.”

Uso wa shemeji ulianguka kweli, bila kutafuta wa kumshika. Mvunjaji akachukua mkoba wake kwenye msumari, karibu kumhurumia. Ndipo alipouona mkono wa shemeji ukitambaa mezani, pole pole, kutafuta kalamu na daftari la mchezo.

“Andika, shemeji,” alimwambia akiwa mlangoni. “Andika usisahau. Hilo ni lako kweli.”