Fundi Cherehani Atazama Filamu Yake

Jumanne, tarehe 14 Mei. Mawingu tangu alfajiri, mvua haikunyesha.

Jirani yangu fundi cherehani, anayetumia kiti cha magurudumu, hupapasa kitambaa kwa kidole gumba kabla hajasema neno. Siku hiyo nilimkuta akipapasa sketi yake mwenyewe. Watu waliomrekodi kwa filamu kuhusu mapenzi na ulemavu walikuwa wamekuja dukani kumwonyesha sehemu yake kabla haijatoka. Kwenye skrini alikuwa akicheka: “Natamani mwanamume kama wenzangu. Miguu ndiyo imelala, mimi niko macho!”

Kaka yake akang’aka. “Ikateni hiyo! Dada, unatuvua nguo hadharani.”

“Nimewavua nyinyi, au nimejivua mwenyewe?”

Mwongozaji akasema mwenye uamuzi ni fundi. Nikamtazama, nikitaka kujua atamridhisha nani. Akaomba irudishwe mwanzo, akaitazama yote bila kupepesa macho.

“Kateni pale ninapolia,” akasema. “Wa kunihurumia ninao tele. Ninapocheka pabaki.”

Kesho yake asubuhi alibandika tangazo la filamu mlangoni mwa duka, usawa wa macho yake akiwa kitini. Kila mpita njia aliinama kulisoma, na kaka yake pia.