Kitabu cha Sarufi Kilichofungia Karanga

Enzi zetu pale Makuyuni, Korogwe, kitabu kilikuwa kama mgeni anayetembelea ukoo: leo kinalala kwako, kesho kwa jirani. Darasa la saba tulikuwa wanafunzi hamsini na wawili. Nilihesabu mara mbili, maana mara ya kwanza nilijisahau mwenyewe. Kitabu cha sarufi kilikuwa kimoja. Si kimoja kwa kila dawati. Kimoja.

Vijana wa leo wakisikia hivyo wanatuonea huruma. Wasituonee. Tulicheza rede mpaka sare zikabadilika rangi, tukala maembe mabichi kwa chumvi ya kuiba jikoni, na kengele ikilia tukakimbilia kujua sarufi inalala kwa nani. Kwetu baba alikuwa Mzigua wa Mazingara, Handeni, na mama Msambaa wa Bungu. Wakikasirikiana kila mmoja alirudi kwenye lugha ya kwao, Kiswahili kikabaki cha kupatania. Siku kitabu kikija, baba aliniambia, "Soma kwa sauti, mama yako asikie." Mama naye, toka jikoni: "Ongeza sauti, baba yako aelewe."

Kukirudisha kulikuwa na utaratibu. Anayerudisha alisimama mbele ya Mwalimu Mhina, mwalimu wetu wa Kiswahili, akafunua karatasi moja moja huku darasa zima likihesabu. Zilikuwa tisini na sita. Ikipungua moja, si wewe tu, mstari wako wote wa madawati ulifutiwa zamu mpaka mtihani wa kumaliza shule. Na mtihani ulikuwa umebakiza wiki tatu tu Ijumaa ile zamu iliponifikia.

Kila zamu tulitakiwa kukiwekea kava jipya. Nikakata mfuko wa simenti, nikakivalisha kikapendeza, nikakiweka juu ya kabati. Hapo ndipo nilipokosea. Madaftari yangu ya darasa la sita nayo niliyavalisha mifuko hiyohiyo ya simenti, yakakaa juu ya kabati hilohilo, na hayo yalikuwa mali ya bibi. Bibi, mama yake mama, aliuza karanga kituo cha mabasi, na daftari likiisha lilikuwa lake la kufungia. Kusoma hakujua. Kuchana alijua.

Jumamosi mchana nikamkuta kituoni, sinia mbele yake, anasokota karatasi yenye maandishi ya kiwandani.

"Bibi! Hicho ni kitabu cha shule!"

Akakigeuza huku na huku. "Mbona kimevaa kama madaftari yako?"

Nikakichukua. "Umechana ngapi?"

"Sita tu, za nyuma. Karatasi nzuri hizi, ngumu. Niletee nyingine."

Mbili zilikuwa bado kwenye sinia. Nne zilishaondoka na wateja. Nikachana karatasi za daftari langu la hesabu, nikaingia kazini kwa masharti mepesi: karatasi kwa karatasi, karanga baki nazo. Fundi baiskeli alinipa yake bila ubishi. Mama Salma, mama wa Kihindi mwenye duka la vitambaa, alinyanyua kidole. "Ngoja, mtoto, namalizia kusoma. Kumbe miaka yote nakosea Kiswahili kwa wateja!" Abiria wa Handeni alikuwa dirishani, basi linanguruma, akataka mbili kwa moja: "Yangu ina maandishi, yako tupu."

"Shikamoo baba. Yako ina chumvi."

Akacheka, akanirushia.

Ya mwisho nikaifuata kwa mzee kinyozi. Alikuwa ameshasokotea tumbaku.

"Shikamoo mzee. Nimefuata karatasi."

"Marahaba. Nusu hii hapa."

"Na nusu nyingine?"

Akapuliza moshi, akaufuata kwa macho. "Ndiyo hiyo inapanda."

Jumapili nilishinda nikigandisha karatasi kwa uji wa unga wa muhogo. Jumatatu nikasimama mbele. Habiba, tuliyekaa naye dawati moja, alininong'oneza nikipita: "Mwajuma, tukifutiwa zamu utatufundisha wewe." Darasa likahesabu. Tisini na nne, tisini na tano. Hesabu ikakwama.

"Na hii ni nini?" akauliza Mwalimu Mhina.

"Ya tisini na sita, mwalimu."

"Hii ni nusu, tena inanuka tumbaku."

"Mwalimu, utaratibu ni kuhesabu karatasi. Hatukuambiwa tupime urefu."

"Kavuta sarufi huyo!" sauti ikatoka nyuma, na darasa likaangua kicheko. Mwalimu aligeukia dirishani, mabega yakimtikisika. Alipotugeukia uso ulikuwa mkavu. "Kengele ya kwenda nyumbani ikilia, nusu iliyopotea iwe hapa kwa mkono wako. Likikosekana neno, mstari wote umefutwa."

Kitabu kingine cha kunakili hakikuwepo. Mistari mingine ya madawati ingefaidi, maana zamu zetu zingekuwa zao. Mimi ningekuwa wao, ningenyamaza. Lakini mapumziko yalipoanza walinizunguka, wa mistari yote. Habiba alikuwa na mwanzo wa ukurasa kichwani. Mwingine alijua mifano, mwingine maswali yote ya mazoezi, na wawili walitaka kupigana juu ya mfano wa mbuzi kama ulikuwa wa nne au wa tano. Tukageuza upande wa pili, tukaendelea. Rede haikuchezwa siku hiyo.

Mwalimu alisoma pande zote mbili akiwa amesimama. Hakuwa na pa kulinganishia, lakini alitoa kalamu akasahihisha neno moja, kisha akasema, "Anayefuata, njoo upokee." Mstari wetu ukapumua kwa pamoja.

Siku hizi mjukuu wangu, darasa la saba, ana kitabu chake peke yake, na simu ya mama yake ina vingine visivyohesabika. Ni heri hivyo, sitaki kudanganya. Hakuna mtoto anayestahili kufukuzana na karanga. Majuzi nilimwomba kitabu kile kilale kwangu usiku mmoja.

"Bibi, kaa nacho tu. Hata mwezi."

Nikakisoma chote, nikahesabu karatasi mara mbili, zote zipo. Asubuhi nikakifuta vumbi, nikakiweka mezani, nikasubiri. Leo siku ya nne. Hakuna aliyekuja kukiulizia.