Karatasi ya Njia Niliyomnyima Dereva

Siku yangu ya kwanza kazini nilivaa viatu vya kuazima, vikanibana mpaka jioni. Stesheni Masta wa Mpanda, mzee wa Kifipa asiyecheka ovyo, hakunionyesha ofisi wala kiti. Alinipeleka moja kwa moja relini, mkononi ameshika kitabu cha karatasi za njia.

"Binti," akasema, "dereva wa treni hana usukani. Akikuta kitu mbele hawezi kukikwepa, na breki zake hazisimamishi palepale. Ukimpa karatasi hii umemwambia mbele hamna kitu. Uwe na hakika, siyo unadhani."

Nyie mnaosafiri na simu mkononi, hebu niwaeleze. Reli yetu ni moja, ya kwenda na kurudi. Kwa hiyo iligawanywa vipande, kutoka stesheni hadi stesheni, na kila kipande kiliruhusiwa chombo kimoja tu kwa wakati mmoja. Nilikuwa nazungusha simu ya mezani, namuuliza mwenzangu wa mbele kama kipande ni kitupu. Akikubali ananipa namba, naiandika kwenye karatasi, nasaini, dereva anaondoka nayo.

Baadaye nikapewa stesheni yangu mwenyewe, Miyombo, nje kidogo ya mji. Ndogo, ndiyo, lakini msiidharau! Mpunga wa Mwamkulu ulipakiwa pale, na dagaa wa Ikola walioletwa kwa malori. Mwanamke wa kwanza kuiongoza ni mimi, na jukwaa langu lilifagiliwa kabla hata jogoo wa jirani hajachoka kuwika.

Mwaka mmoja mvua zilichachamaa. Saa mbili asubuhi nyapara wa genge la reli aliondoka na watu wake wanne kwa kiberenge, kile kigari kidogo cha mafundi, kwenda kukagua tuta.

"Mama, nikifika stesheni ya mbele nitakupigia," akaniambia.

Haijafika saa tatu, simu ikafa. Saa nne treni ya abiria ikaingia kutoka Mpanda.

Karatasi sikutoa. Nilimtuma mbadilisha njia wangu, yule wa kugeuza reli treni zinapopishana, mtu mzima mwenye miguu ya chuma, aende kwa baiskeli kandokando ya reli aniletee jibu la maandishi. Mkaguzi wa Usafirishaji alikuwamo kwenye treni ile. Akashuka amefura.

"Kiberenge kimetoka saa mbili, sasa ni saa nne. Kimeshafika zamani! Toa karatasi."

"Sijaambiwa kimefika, mkubwa."

"Nakuamuru mimi!"

"Basi andika kwenye kitabu changu kwamba wewe unajua kimefika, kisha usaini."

Akachukua kalamu, akaitazama, akairudisha mezani. Angesaini, sijui ningefanyaje.

"Leo kibarua chako kimeota nyasi," akasema.

Nilikuwa mjane mwenye watoto watatu, na kazi ndiyo hiyo hiyo moja. Abiria nao wakanijia juu.

"Wewe mama, dagaa wangu wakilowa utawala wewe?" akafoka mama mmoja.

"Wangeweka mwanaume hapa tungekuwa mbali!" akadakia mwingine.

Hilo liliniuma, siwafichi. Nikajikaza, nikakaa juu ya kitabu changu.

Saa tisa yule wa baiskeli akarudi, matope mpaka magotini. Jibu lilisema kiberenge kilifika saa tatu na dakika chache. Njia ilikuwa wazi muda wote! Mkaguzi akaisoma barua kwa sauti mbele ya watu, wakaangua kicheko. Nikaandika karatasi, nikampa dereva, nikapunga bendera ya kijani.

Wiki iliyofuata nikaitwa Tabora kwa Meneja. Alisoma kitabu changu ukurasa kwa ukurasa.

"Ikitokea tena, utafanyaje?"

"Hivyo hivyo, mkubwa."

Akafunga kitabu, akanirudishia, akasema, "Rudi stesheni kwako." Barua ya onyo kwa kuchelewesha treni nilipewa vilevile, ninayo kabatini.

Nilibaki Miyombo mpaka nikastaafu. Siku hizi hapana stesheni masta pale. Treni inasimama kidogo, watu wanapanda, inaondoka. Wajukuu wananiuliza kama niliwahi kuokoa treni. Nawajibu sijui, na kazi yetu ilikuwa hivyo, hujui kamwe ni ajali gani umeizuia. Ninachojua ni abiria wa siku ile: walifika wamechelewa, wamenuna, wananisema njia nzima. Walifika wote.