Karatasi Mlangoni, Chumba Namba Tisa

Nilikuwa kwenye foleni ya ofisi ya manispaa, rufaa ya kaka yangu mkononi, simu ilipoita. Alikuwa Velayudhan, fundi cherehani wa chumba namba kumi.

"Bappu, toka kwenye foleni," alisema. "Rudi nyumbani. Kaka yako ametutoka."

Nikasema inna lillahi. Mbele yangu walikuwa wamebaki watu wawili.

Kaka Saidalavi alitengeneza miavuli miaka thelathini na moja katika chumba namba tisa cha maduka ya manispaa, karibu na stendi ya mabasi. Mvua za Juni zikianza, mji mzima ulimletea miavuli iliyovunjika mbavu. Asiye na pesa, kaka alimwambia amwombee dua tu, basi. Leseni ya chumba huisha kila miaka mitatu. Mwenye chumba ana haki ya kuipata tena, mradi aombe kwa maandishi kabla siku hazijapita. Miaka yote karani alikuja na fomu mwenyewe, akanywa chai, akaondoka nayo imejazwa. Safari hii karani alikuwa mpya. Alibandika tangazo la leseni kwisha kwenye mlango wa chuma wa kusukuma juu, siku ya mgomo wa vyama, maduka yote yamefungwa.

Milango ya maduka kwetu haiishi karatasi: mgomo, mkutano, uchaguzi, picha za marehemu. Hakuna anayezisoma. Kaka alifika akitoka kuswali alfajiri, akainamia kufuli la chini, akausukuma mlango juu, na tangazo likajiviringisha nao. Velayudhan aliliona akamtania kwamba wamembandikia mgomo mwingine.

"Wagome tu," kaka akamjibu. "Mvua haigomi."

Mvua hiyo hiyo ililichakaza likadondoka. Tulipopata habari, tulikuwa tumechelewa siku kumi na tisa. Ofisini dada mmoja mpole alitufungulia faili, akatuonyesha picha ya mlango wetu na karatasi juu yake. Kaka aliitazama kwa muda mrefu.

"Mwanangu, nipo dukani kila siku. Si mngeniita tu?"

"Mzee, sheria inasema tubandike. Haisemi tuite."

Watu wa manispaa wakatia lakiri kwenye kufuli, wakatangaza mnada wa chumba. Kaka akawa anakaa kizingitini nje ya chumba chake mwenyewe, koleo na nyuzi kwenye mfuko, akishona miavuli ya watu waliomzoea. Wiki mbili. Hapo ndipo moyo wake uliposimama, mwavuli wa mtu mapajani.

Mungu anisamehe, sikutoka kwenye foleni. Mnada ulikuwa Jumatatu, na rufaa ile ndiyo ilikuwa kamba ya mwisho. Wale wawili wakaisha, nikasogea. Yule dada akaisoma, akaniuliza, kama anavyomuuliza kila mtu, "Mwombaji yuko hai?"

Ulimi wangu ungeweza kusema ndiyo. Nikamwambia amefariki asubuhi hii. Akanipa pole, kisha akanirudishia karatasi. Mrithi hupokea leseni iliyo hai, alisema. Hii ilikwisha kufa kabla ya mwenyewe.

Kila swala naomba nipewe moyo wa kusamehe. Sijapewa bado.

Tulimwosha kabla ya adhuhuri. Shemeji Nabeesa, mkewe, alimfunika uso kwa sanda kwa mkono wake mwenyewe. Kwetu jeneza la mfanyabiashara hupitishwa mbele ya maduka, na kila mmoja huteremsha mlango wake nusu mpaka lipite. Waliteremsha wote. Velayudhan, ambaye si Mwislamu, alisimama peku barabarani, kichwa wazi kwenye manyunyu. Mlango wa namba tisa ulikuwa chini mpaka sakafuni, na lakiri yake. Wabebaji walipunguza mwendo pale bila kuambiwa, kisha tukaendelea.

Kaburini niliingia mimi na mwanawe. Tukamlaza ubavu wa kulia, tukamwelekeza kibla, tukapanga mawe. Mvua ikaongezeka, watu wakafungua miavuli. Tukatupa udongo, kila mtu konzi tatu. Imamu akasoma dua, tukaitikia amina, tukarudi nyumbani.