Ghorofa ya Mouzdalifa

Ukitoka bandarini Mutsamudu ukapanda vichochoro vya mji wa kale kuelekea ngomeni, nyumba ya Kalathoumi huhitaji kuiulizia. Ni ya zege, baraza lake lina vigae vya kijani, na juu ya paa zimesimama nondo zilizoachwa wazi, kila moja imeshika kutu kivyake. Nondo zile zilikuwa ahadi. Mwaka 1979 baba yake Kalathoumi, Ibouroi mwenyewe, ndiye aliyemwambia fundi asizikate. "Chini ni pa Kalathoumi," alisema, "juu ni pa mdogo wake." Mouzdalifa alikuwa mtoto bado, amekaa kwenye rundo la mchanga akila shelisheli la kuchoma, na akalisikia lile neno. Mtoto akishasikia neno la namna hiyo halimtoki.

Kwa watu wa visiwa hivi nyumba ni ya mwanamke. Mume huingia nyumbani kwa mkewe na mkoba wake, na mambo yakiharibika hutoka na mkoba wake. Baba mwenye mabinti ana kazi moja hapa duniani, kuhakikisha hakuna hata mmoja wao atakayeposwa hali hana mlango wa kumfungulia mume. Ibouroi alikuwa na mabinti wawili na mshahara wa karani wa posta. Kazi yake ilikuwa Moroni, kisiwa kingine. Alipanga chumba Badjanani, nyuma ya Msikiti wa Ijumaa, na kurudi Mutsamudu kwa mkewe Hadjira kila alipopata likizo na nauli. Dirishani kwake posta alipokea hawala za wenzake kutoka Marseille na Réunion, akagonga mhuri na kuwahesabia noti. Yeye hakuwa na ndugu hata mmoja ng'ambo.

Katika miaka mitatu ya utawala wa vijana, harusi kubwa zilikuwa zimepigwa marufuku. Wazungu wenye bunduki, askari wa kukodiwa, waliposhuka Itsandra mwezi wa Mei 1978 na utawala ule ukaanguka, ada zilirudi kwa kishindo, kama mtu aliyezibwa pumzi akaachiwa. Kila familia iliyokuwa imezuiwa ikataka kuoza, na kuoza mwaka huohuo. Saruji ikapanda bei. Mchumba wa Kalathoumi alikuwa tayari, na nyumba yenyewe ilikuwa kuta zisizo na paa. Ndipo Ibouroi alipomwendea Soidri.

Soidri walisoma naye chuo cha Kurani, kwa baba yake Ibouroi, ambaye alikuwa mwalimu wa dini anayeheshimiwa mpaka Ouani. Sasa Soidri alikuwa na meza, feni na tai katika nyumba moja ya mikopo mjini Moroni.

"Milioni mbili utapata," Soidri alisema. "Miaka ishirini. Tutaweka rehani kiwanja na nyumba yake. Sasa nikueleze faida yetu..."

Ibouroi aliinua kiganja. "Usinitajie faida."

"Ni lazima uijue, sheikh."

"Mimi ni mtoto wa nani, Soidri? Unajua hilo neno kwa Kiarabu linaitwaje. Nikilisikia, nimelisikia. Nitajie cha mwezi tu. Kila mwezi nilete ngapi?"

Soidri alicheka mpaka tai ikamkaa upande. "Basi masikio yako yabaki safi. Elfu ishirini na mbili. Yote yamo humo. Ziite gharama za kazi. Haba na haba, ndugu yangu."

Haba na haba. Ibouroi aliishika methali ile kama mtu aliyepewa fatwa. Elfu ishirini na mbili ilikuwa karibu theluthi ya mshahara wake, lakini alikuwa mtu wa kula mara moja kwa siku na kutembea kwa miguu. Hakuuliza jumla yake itakuwa nini. Mtu huyu aliyeweza kugawa mirathi ya marehemu kwa kichwa, thumni ya mjane, sudusi ya mama, mpaka kisahani cha mwisho, hakuzidisha cha mwezi kwa miezi. Angezidisha, lile neno lingejitokeza lenyewe, na angelazimika kulitazama.

Jambo jingine alilifanya juma hilo. Kiwanja kilikuwa cha Hadjira, alichorithi kwa mama yake na bibi yake, na nyumba yake ya zamani ilisimama pembeni. Sahihi ilihitajika. Ibouroi alimpelekea karatasi ya Kifaransa, akamwambia ni kibali cha kujenga. Hadjira, asiyejua Kifaransa, aliandika jina lake kwa herufi za Kiarabu, taratibu, akipamba kila mkunjo, kisha akauliza, "Nimeandika vizuri?" Akamjibu kwamba ameandika vizuri sana.

Kalathoumi aliolewa. Mji ulikula, ukacheza, ukasifu vigae vya baraza. Siku ya mwisho Hadjira alivua dhahabu yake, mikufu, bangili na pete za masikio zenye uzito wa kuvuta ndewe, akaifunga katika kitambaa na kusema mbele ya wanawake wote, "Kalathoumi amepata nyumba. Hii ni ya Mouzdalifa."

Miaka ikaenda. Moroni ilizoea buti na sare nyeusi. Watu walishusha sauti gari la walinzi wa rais lilipopita, kisha wakaipandisha tena. Maofisa wa kizungu walikuja dirishani kwa Ibouroi kununua stempu. Mishahara ya serikali ilichelewa, mara mwezi, mara miezi mitatu, na kila ilipochelewa nyumba ya mikopo iliongeza kidogo kwa ajili ya ucheleweshaji. Ibouroi alilipa. Hakununua kanzu mpya, hakurudi Mutsamudu kwa Idi mbili mfululizo. Hadjira alimwandikia kwamba watoto wa jirani wanamuuliza kama baba Kalathoumi bado yu hai. Alisoma barua akacheka, kisha hakucheka.

Mwaka 1988 Mouzdalifa alikuwa binti wa miaka kumi na tisa, mshonaji wa kofia ambaye bwana harusi wa Mutsamudu aliona fahari kuvaa kazi yake. Akaposwa na Chanfi, mwalimu wa shule. Wajomba wa Chanfi walikuja kwa heshima zote, wakanywa chai, na walipokuwa wanatoka mmoja akatazama zile nondo juu akasema, "Insha'Allah mtaezeka kabla ya mvua."

Basi Ibouroi alirudi kwenye nyumba ya mikopo kuomba mkopo mwingine, wa kujenga juu. Soidri alikuwa amehamia Ufaransa. Mezani alikuta kijana mpole anayeitwa Tadjidine, aliyemwita mjomba na kumvutia kiti.

"Mjomba, mkopo wa pili hauwezekani. Wa kwanza bado mkubwa."

"Mkubwa vipi? Nimelipa miaka tisa. Sijaruka hata mwezi, ila serikali iliponirusha."

"Kweli. Umeshaleta milioni mbili na laki nne na ushei."

"Nilichukua mbili."

"Ndiyo, mjomba."

"Basi nimemaliza. Nimepitiliza."

Tadjidine alitazama mikono yake. "Imebaki milioni moja na laki saba."

Nje mtu alikuwa anauza samaki kwa sauti. Ibouroi aliisikia bei ya samaki vizuri sana.

"Mwezi wa kwanza ulileta elfu ishirini na mbili," Tadjidine aliendelea, polepole, kama anayemvua mtu mwiba. "Elfu ishirini zilikuwa faida. Elfu mbili tu ndizo zilizogusa deni lenyewe. Mwezi wa pili hivyohivyo, na chembe zaidi. Miaka ya mwanzo mtu analipia ruhusa ya kudaiwa, mjomba. Deni lenyewe linakaa pale linamtazama. Ukienda hivi hadi mwisho utakuwa umetoa milioni tano na zaidi. Hawakukueleza?"

"Nilimkataza," alisema Ibouroi.

Kijana hakuelewa, naye hakumfafanulia. Aliuliza swali moja tu, lile la kuuliza miaka tisa nyuma. "Kuna njia ya kuifupisha?"

"Ukileta fungu kubwa sasa, likaangukia kwenye deni lenyewe, miaka inakatika. Laki nane, kwa mfano. Miaka kumi na moja iliyobaki inakuwa minne na nusu. Lakini laki nane, mjomba..."

"Sina."

Katika ndege ndogo ya kwenda Ouani, uwanja wa jirani na Mutsamudu, alitunga la kusema. Milioni tano. Nyumba mbili na nusu kwa bei ya mkopo ule: moja ya Kalathoumi, moja ya Mouzdalifa, na nusu ya kumpa maskini wa Mungu. Anazilipia zote, amejenga moja. Nyingine alijenga pasipoonekana, kwa watu asiowajua, kwa sababu hakutaka sikio lake lichafuke. Aliogopa kuiona dhambi, akaifumbia macho, nayo ikaketi nyumbani kwake miaka tisa ikila theluthi ya sahani.

Na uongo ulikuwa karibu, mzuri, ulioshonwa tayari. Usiku uleule, wote wakiwa kwa Hadjira, baada ya wali, mkewe alipouliza ghorofa inaanza lini, Ibouroi alisema, "Mishahara. Miezi minne hatujaona kitu. Hawa wazungu wa bunduki wanakula nchi, sisi tunalamba sahani."

Kila mtu aliamini. Nani asingeamini? Kalathoumi alisonya. Hadjira aliwalaani wageni wale kwa lugha ambayo si ya kuandikwa, kisha akamsogezea mumewe kipande cha samaki chenye nyama, akisema, "Kula, baba Kalathoumi. Umekonda kwa ajili yetu."

Ibouroi alikirudisha kipande kile kwenye sahani ya Hadjira. Mtu huweza kubeba lawama. Huruma asiyoistahili humshinda.

Mouzdalifa alikuwa kwenye mkeka, kofia gotini. Hakuinua kichwa. "Baba, miezi minne ni miezi minne. Kabla yake ni miaka tisa. Hunywi hata chai ya pili. Pesa zilikuwa zinakwenda wapi?"

"Mouzdalifa," Hadjira alimkemea.

"Namuuliza tu, mama. Kama ana mke Itsandra aseme, tumpelekee zawadi."

Kalathoumi alicheka. Ibouroi aliitazama sindano ya bintiye ikiingia na kutoka katika kitambaa cheupe, akaona kwamba akiuacha usiku huu upite hatasema tena mpaka afe.

"Zilikwenda kwenye nyumba ya Kalathoumi," alisema. "Niliikopea. Imewekwa rehani." Akaeleza, kwa mafungu yasiyofuatana: cha mwezi, gharama za kazi, milioni mbili zilizogeuka tano, fungu kubwa ambalo lingekata miaka ibaki minne na nusu. Alipofika kwenye kiwanja alisita.

"Kiwanja ni changu," alisema Hadjira. "Hakiwekwi rehani bila mimi."

"Ile karatasi uliyoandika jina."

Hadjira alianza kukusanya sahani, moja juu ya nyingine, taratibu. Utaratibu ule ndio Ibouroi aliokuwa akiuogopa, kuliko kelele.

"Na hizo gharama za kazi," Mouzdalifa aliuliza, "ni nini hasa?"

"Unajua ni nini."

"Sijui. Lina jina?"

"Lina jina."

"Litaje, baba."

Baba yake alilitaja. Riba. Neno fupi, la herufi chache. Alikuwa ameliogopa kwa miaka tisa, na lilipotoka halikuvunja hata kikombe. Lilikuwa limekwisha vunja vyote kabla.

Hadjira aliinuka, akafungua kabati, akatoa shuka zilizopigwa pasi. Alimtandikia mumewe ukumbini, kwenye kitanda cha wageni, akamwekea taulo jipya na maji ya kunawa yaliyofunikwa. "Ukihitaji kitu, sema," alimwambia, kwa adabu ile anayopewa mtu wa mbali. Ibouroi alilala katika adabu ile kama katika baridi.

Asubuhi Mouzdalifa alimkuta barazani. Alikuwa na kitambaa cha mama yake mkononi, kimefungwa fundo.

"Hicho hakiguswi," Ibouroi alisema. "Hapana, mwanangu. Wewe hukupata hata tofali."

"Ulisema fungu kubwa linakata miaka."

"Dhahabu ile ni masikio yako mbele ya watu."

"Na watu wakishaenda nyumbani kwao?" Alikaa ngazi moja chini yake. "Nimewaza usiku kucha. Tukijenga juu kwa dhahabu hii, tutakuwa tumejenga juu ya kitu kinachoweza kuchukuliwa. Dada atoke, mimi nitoke, mama atoke. Bora tuliue kwanza. Minne na nusu, si ulisema? Baadaye hiyo elfu ishirini na mbili yako itanunua saruji, kila mwezi. Haba na haba." Alisema bila dhihaka, naye akaumia kuliko angedhihakiwa.

"Na Chanfi?"

"Nimemwambia alfajiri hii. Amesema chumba kwa mama, hapa, kinatosha watu wawili wasionenepa. Wajomba zake watanuna. Wanune."

Dhahabu iliuzwa Moroni, kwa sonara aliyeipima kipande kwa kipande. Ibouroi aliomba apewe kitambaa arudi nacho. Tadjidine alimwandikia stakabadhi, na safari hii Ibouroi aliisoma mstari kwa mstari, faida ikiwa imeandikwa faida, akauliza kila asichokielewa mpaka watu wa nyuma yake wakaanza kugunaguna.

Harusi ilifungwa mwaka uliofuata, katika nyumba ya zamani ya Hadjira, ndogo, yenye dari ya boriti. Wanawake waliimba vizuri. Mouzdalifa alikaa katikati yao na shiromani mpya ya kujitanda na masikio matupu, na Ibouroi, aliyekuwa uani akipanga viti, alimsikia mama mmoja akiuliza kwa sauti ya kusikika, "Na dhahabu ya Hadjira iko wapi?"

"Iko chini ya nyumba ya dada, bibi," Mouzdalifa alijibu. "Imeshika msingi."

Walicheka, maana hawakujua. Ibouroi alibaki na kiti mkononi.

Wageni walipotawanyika alipanda juu ya paa kwa Kalathoumi na ndoo ya uji wa saruji na brashi. Fundi alikuwa amemwambia kwamba nondo zikipakwa hivyo kutu haizimalizi, zinaweza kusubiri. Akasugua moja kwa msasa mpaka chuma kikaonekana, akaipaka, akahamia ya pili. Kazi ilimchukua mpaka Alasiri. Hadjira alimpelekea chai juu, mwenyewe, na kusimama kidogo akizitazama nondo zilizogeuka kijivu.

"Umepaka vizuri," alisema.

Chai ilikuwa katika kikombe chenye maua, cha wageni. Ibouroi aliinywa yote, akashuka, akakiosha yeye mwenyewe na kukikausha, akamrudishia. Hadjira alikipokea kwa mikono miwili, akafungua kabati, na kukirudisha pale pale, pamoja na vikombe vya watu wa mbali.